Araali wa Siku Moja

Chama chetu cha akiba pale Walukuba kilichezesha bahati nasibu.
Zawadi ya kwanza, cherehani ya umeme: akaipata mhasibu.
Ya pili, siku moja kwenye maziwa ya volkano, Kasenda:
nikaipata mimi, fundi cherehani.
Walicheka mpaka mwenyekiti akamwaga soda.

Usiku kucha ndani ya basi. Asubuhi, Fort Portal na baridi yake.
Mwongozaji alitungoja kandokando ya barabara ya vumbi,
msichana wa buti za mpira na fimbo ya mkaratusi,
akauliza, mmoja mmoja: "Empaako yaawe?"
Nikasema Wandera.
"Hilo ni jina. Nauliza unaitwaje ukipendwa."

Miaka hamsini na miwili
nimeitwa Fundi, nimeitwa Wewe, nimeitwa Nguo Yangu Iko Wapi.
Akanitazama kama mtu anayepima kitambaa kwa jicho.
"Basi leo wewe ni Araali. Mimi Abwooli. Twende."

Ukingoni mwa shimo la kwanza akachomeka fimbo:
"Hapa moto uliokuwa ukipanda
ulikutana na maji yaliyokuwa yakishuka.
Hawakuelewana."

Nikachungulia. Chini kabisa, ziwa,
kijani cha sare ya shule iliyofuliwa mihula mingi.
Mimi huona dunia kwa mshono, nisameheni:
niliona ardhi iliyochanika kutokea ndani,
nyuzi zimetoka nje,
na hakuna aliyekaa chini akapinda pindo.
Nyasi zimejaribu. Migomba imejaribu.

La pili jeusi.
La tatu lanuka yai viza; mtoto wa wale wa Mbale
akaziba pua, akatangaza kwamba ardhi imejamba.
"Ndivyo," alisema Abwooli bila kucheka,
"na ile ya mwanzo ilisikika mbali sana."

Saa saba tukapitia shamba la mama yake,
maharage ndani ya shimo lenyewe,
mteremko mkali hivi kwamba analima
mguu mmoja juu ya mwingine tangu aolewe.
Akauliza tumelipa kiasi gani.
Akaambiwa.
Akapiga makofi, jembe likaanguka.
"Kuangalia shimo? Mimi nimeliangalia miaka arobaini,
nani ananidai, nani ananilipa?"

Hakuna aliyejibu. Akatupa gonja za kuchoma,
pesa akakataa katakata.
Lakini mkono wa gauni lake ulikuwa umefumuka begani,
nami sitembei bila sindano, imechomekwa chini ya ukosi.
Nikaomba ruhusa.
Akasimama wima, uso kaelekeza ziwani,
mimi nyuma yake, kisigino changu kikitafuta pa kushika,
kokoto zikiporomoka, moja, halafu nyingine,
halafu sauti ndogo ya maji.

"Empaako yako, fundi?"
"Araali," nikasema, uzi mdomoni.

Bega likakakamaa chini ya vidole vyangu.
"Abwooli. Jina la baba yako umempa huyu?"
"Mama, akina Araali ni wengi wilaya nzima,"
alisema msichana, akikwangua tope butini
ambalo halikuwepo.

Mama hakugeuka.
Nilimaliza kwa mshono mdogo kabisa ninaoujua,
ule wa nguo za maharusi,
nikakata uzi kwa meno.
Alikunja mkono, akaunyoosha, akaokota jembe.
"Shuka polepole, Araali," akaniambia. "Upande huu unateleza."

Jioni kituoni Abwooli aliaga kila mtu.
Jina hakulidai.

Jumatatu, Jinja. Mteja ameleta suruali ya suti,
anataka risiti yenye jina la fundi.
Nimeshika kalamu juu ya karatasi, nimesita,
wino unavuja pale pale,
unatanuka, duara, bluu,
ukingo wake mweusi kidogo.